Baiskeli Isiyo na Mzigo

Tangu nirudi shuleni kwa muhula huu wa pili sijapata raha mezani. Kila jioni hapakosi mtu wa kuniuliza: "Bwana Msafiri, ni kweli ulikaa ndani ya ndege usiku kucha ili ukaendeshe baiskeli?" Wenzake hucheka mpaka chakula kinawapalia. Nimewajibu mara nyingi, lakini kelele za chumba cha kulia hazimpi mtu nafasi ya kumaliza fikira yake. Basi nimemwomba Mhariri anipe nafasi humu niseme maoni yangu yote, na ninyi kaka zetu mliotutangulia, ambao husoma gazeti hili huko mliko, mtaamua kama nilipoteza wakati au sivyo.

Kwanza nieleze nilivyokwenda, maana maneno yamezuka. Mmoja wa waliosoma hapa zamani ni mwalimu wa Kiingereza mjini Hanoi, mji mkuu wa Vietnam. Aliposoma insha yangu ya mwaka jana juu ya kilimo cha mpunga huko kwetu Doho, katika bonde la mto Manafwa, aliandika barua kwa Bwana Mkuu wa Shule akasema kwamba atanilipia nauli niende, likizo ya Mei, nikaone mpunga wa watu wengine. Ndivyo ilivyokuwa. Hakuna shilingi ya baba yangu katika safari ile isipokuwa nauli ya basi mpaka Entebbe. Juu ya baba nitasema mbele, kwa kuwa yeye ndiye sababu ya mimi kuandika.

Toka Entebbe tulipitia Doha, kisha Hanoi. Baada ya siku mbili kaka yetu yule alinichukua kwa basi kuelekea kusini, kadiri ya kilometa 90, mpaka Ninh Binh. Hapo ilianza safari ya baiskeli ya siku tatu pamoja na kiongozi.

Huenda wengine hawajui jambo hili lilivyo. Yako makampuni ambayo kazi yao ni kuwapa wageni baiskeli na mtu wa kuwaongoza mashambani, katika njia nyembamba ambazo basi la watalii haliwezi kupita. Tulikuwa watu saba: mume na mke wazee kutoka Ufaransa, wasichana watatu wa Australia, kaka yetu, nami. Mbele yetu alikwenda kiongozi, mtu wa miaka 30 hivi. Nyuma alikuja fundi juu ya pikipiki, mwenye pampu na mipira ya akiba. Na nyuma ya fundi lilikuja gari dogo likiwa limebeba mifuko yetu na maji ya kunywa.

Gari hilo lilinishangaza kuliko kitu chochote cha siku ile. Kwetu baiskeli hubeba mizigo kwa sababu hakuna gari. Kule gari lilibeba mizigo ili sisi tupate kupanda baiskeli! Baiskeli yangu ilikuwa nzuri sana, yenye gia nyingi na breki za kushika mara moja, lakini haikuwa na karia. Niliizunguka nikitafuta. Fundi aliponiona aliniuliza kwa ishara nimepoteza nini. Nikapiga pale nyuma ya kiti kwa kiganja. Akacheka, akanyosha mikono mitupu, kana kwamba asema: ubebe nini?

Siku ya kwanza tulipita Tam Coc. Jina hilo maana yake ni mapango matatu, kwa kuwa mto hupenya chini ya milima mahali patatu. Milima yenyewe ni ya mawe ya chokaa, imesimama wima katikati ya majaruba ya mpunga kama kwamba mtu aliiweka pale kwa mkono. Mpunga ulikuwa umegeuka manjano. Tulipanda mashua, na mama aliyetuvusha alipiga makasia kwa nyayo zake, ameegemea nyuma, mikono ikitarizi kitambaa. Tulipofika pango la mwisho alitoa vitambaa vingine chini ya ubao akatuuzia. Yule mzee wa Ufaransa alikasirika kidogo. Alisema ameharibiwa mandhari. Mimi nilinunua kimoja kwa ajili ya mama, tena nilifikiri kwamba mandhari hayamlishi mtu aliyezaliwa ndani yake.

Jambo jingine lililonigusa ni makaburi. Kule kaskazini mwa Vietnam huzika wafu wao katikati ya mashamba, na makaburi yamesimama ndani ya mpunga kama visiwa vyeupe. Hata ukilima kwa jembe la ng'ombe au kwa mashine, walazimika kumzunguka babu yako.

Pia yafaa mjue kwamba Vietnam ya leo si nchi ya baiskeli kama mnavyoona katika picha za zamani. Pikipiki zilizoandikishwa ni zaidi ya milioni 70. Wanaopanda baiskeli ni watoto wa shule, akina mama wazee, na wageni kama sisi. Kwa hiyo tulipokuwa tukipita vijijini watu walitutazama kwa mshangao mdogo, kama vile sisi tungetazama wazungu wanaosafiri kwa mtumbwi ilhali lipo daraja.

Sasa nieleze kosa langu. Alasiri ya siku ile ile tulikuwa tukielekea Hoa Lu, mahali palipokuwa mji mkuu wa wafalme wao tangu mwaka 968 mpaka 1010. Njia ilikuwa ya saruji, nyembamba. Wakati wa mavuno watu wa kule huanika mpunga barabarani, kwa kuwa saruji hushika joto. Huumwaga upande mmoja na kuacha upande wa pili wa kupitia. Kiongozi alipiga kengele akatuonyesha kwa mkono. Wenzangu wote walipinda. Mimi nilikuwa nikitazama milima. Nilipita katikati ya mpunga wa mtu, toka mwanzo hata mwisho, tairi zikichora mstari kama nyoka.

Bibi mmoja mwenye kofia ya majani yenye ncha alitoka uani na reki ya mbao, akipiga kelele. Sikuhitaji mfasiri. Maneno yale yale nimeyasikia Doho tangu nikiwa mdogo, wapita njia wanapokanyaga maturubai yetu. Nami nimepata kuyasema mwenyewe kwa wenye magari.

Niliona haya mpaka masikio yakawaka. Nilitupa baiskeli majanini, nikavua viatu, nikaingia katika ule mpunga kwa miguu mitupu. Wenye kutoka kwetu wajua namna mama zetu walivyotufundisha: huinui mguu, bali wauburuta, wa kulia na wa kushoto, ukichora mifereji midogo ili punje za chini zije juu zipate jua. Nilianza mwisho mmoja, nikafuta alama ya tairi yangu, nikaendelea. Bibi alinyamaza. Akanitazama mistari miwili hivi, halafu akaweka reki chini, akavua kandambili zake, akaanza upande wa pili. Tulikutana katikati. Wasichana wa Australia walikuwa wamekwisha kutoa simu zao kupiga picha.

Kiongozi alikuja kutufasiria. Hapa niwaambie kitu cha ajabu katika lugha yao: hawana neno moja tu la "mimi" na "wewe" kama Kiingereza. Kabla ya kuzungumza huulizana umri, kisha huitana kwa ukoo. Kiongozi aliniambia tangu asubuhi nimwite anh, yaani kaka mkubwa, naye akaniita em, ndugu mdogo. Na bibi huyu hakuwa "wewe" kwangu. Alikuwa bà, bibi, nami nilikuwa cháu, mjukuu. Nadhani mtu yeyote aliyelelewa katika Kiswahili angejiona yu nyumbani.

"Bibi auliza ulijifunza wapi," kiongozi alisema.

"Kwa mama yangu."

"Kwani kwenu mna mpunga?"

"Tunao. Twavuna mara mbili kwa mwaka, maji yakiwapo."

"Asema na hapa ni mara mbili. Auliza, shamba ni lenu?"

Nikamwambia twakodi ekari moja. Naye akasema ana sao 5. Sao moja ya kule kaskazini ni meta za mraba 360. Nilipiga hesabu nikaona shamba lake halifiki hata nusu ya ekari yetu. Alisema zamani hata hizo hazikuwa zake. Mashamba yalikuwa ya ushirika, watu walikwenda kazini kwa kengele, wakaandikiwa alama za kazi katika daftari, na mavuno yaligawanywa kwa alama hizo. Mwaka 1988 serikali iliamua kuyakabidhi majaruba kwa jamaa moja moja wayalime wenyewe. Mwaka uliofuata nchi hiyo, ambayo ilikuwa ikiagiza chakula toka nje, iliuza nchi za nje mchele kadiri ya tani milioni 1.4; na mwaka 2023 ulipita tani milioni 8. Wanafunzi wa Uchumi waliomo humu shuleni waisome habari hiyo vizuri, maana mvua haikuongezeka wala milima haikupungua.

Ndipo bibi aliponiuliza: "Na baba yako hufanya kazi gani?"

Nilisimama kimya hata kiongozi akadhani sikusikia, akarudia.

Ndugu zangu, katika shule hii yajulikana kwamba baba yangu "yuko katika usafirishaji." Mimi ndiye niliyesema hivyo katika mwaka wangu wa kwanza, na sikusema uwongo. Baba husafirisha mpunga wa watu toka majaruba mpaka kwenye mashine ya kukoboa. Huusafirisha kwa baiskeli. Hupakia magunia mawili, wakati mwingine matatu, na hawezi kupanda; huisukuma kwa miguu yake mwenyewe, na kwa malipo hayo nimesoma mpaka Kidato cha Sita.

Siku ya kwanza ya wazazi kututembelea alikuja na baiskeli hiyo, imefungwa gunia la karanga na kipande cha karo kilichokuwa kimebaki. Wavulana watatu walikuwa wamesimama nami langoni. Mmoja akauliza, "Ni nani huyo?" Nikajibu, "Ni mtu aliyetumwa na baba." Baba alikuwa ameinama akifungua kamba. Alivuta kofia yake mbele, akaendelea kufungua kamba muda mrefu kuliko ilivyohitaji kamba ile. Sijapata kumwuliza kama alisikia.

Wale wavulana watatu wawili wamo bado humu shuleni. Watakaposoma haya watanikumbuka.

Basi nilimjibu bibi yule: "Baba husukuma mpunga kwa baiskeli."

Kiongozi hakufasiri mara moja. Aliniuliza kwanza, "Husukuma? Si kupanda?"

"Husukuma. Amefunga mti mrefu kwenye usukani, ili aweze kuongoza akiwa ametembea kando, na mti mwingine nyuma ya kiti wa kusukumia."

Alinitazama kwa namna ya kigeni, kisha akamgeukia bibi akamweleza kwa maneno mengi na mikono. Bibi naye akajibu mengi. "Asema umwambie baba yako auangalie mgongo," kiongozi aliniambia. "Mume wake aliuharibu wake kwa kubeba, na alipofika miaka 50 hakuweza tena kuinama jarubani."

Usiku, tulipokwisha kula, kiongozi alikaa karibu nami akanionyesha picha katika simu yake. Ilikuwa baiskeli ya zamani iliyowekwa katika makumbusho ya Dien Bien Phu. Nilipoiona nilisema kwa sauti, "Hii ni ya baba!" Usukani ulikuwa umefungwa mwanzi wa kuongozea, na nyuma ya kiti mwingine wa kusukumia, na fremu imeongezewa miti ya kushikilia magunia. Wanaosoma Historia wajua kwamba tarehe 7 Mei 1954 jeshi la Wafaransa lilishindwa huko Dien Bien Phu, na utawala wao katika Vietnam ukafika mwisho wake. Ngome ile ilikuwa katika bonde la mbali, milimani. Majemadari wa Kifaransa waliamini kwamba adui hataweza kufikisha chakula cha kutosha kwa askari wake. Kilifika: kwa malori, kwa farasi, kwa mabega ya watu, na kwa baiskeli karibu 20,000 zilizosukumwa usiku, kila moja ikibeba kilo 200, nyingine 300 na zaidi. Mzigo wenyewe ulikuwa mchele hasa. Babu wa kiongozi wetu alikuwa mmoja wa waliosukuma, kutoka Thanh Hoa, mkoa wa jirani. Katika nyumba yao picha yake imewekwa mahali pa heshima.

Sikulala upesi. Nchi moja yaiweka baiskeli ya namna ile katika makumbusho, na mimi niliificha nje ya lango la shule. Na tena mimi ni mtu wa mashariki ya Uganda! Ni katika mpaka wetu wa Busia, miaka ya 1960, vijana walipoanza kubeba watu kwa baiskeli toka upande huu mpaka ule, na jina la boda boda likatoka hapo kwenda duniani.

Siku ya pili tulikwenda kilometa 30 hivi mpaka Phat Diem katika nchi ya Kim Son, karibu na bahari. Nchi hiyo ilikuwa matope ya pwani. Watu walianza kuikausha kwa mifereji mwaka 1829, na hata leo njia zote zimenyoka pamoja na mifereji hiyo. Kwa sisi wa shule ya misheni Phat Diem ni mahali pa kuona. Lipo kanisa kuu la mawe lililojengwa chini ya padre wa Kivietnam aitwaye Tran Luc, katika miaka 25 ya mwisho ya karne ya 19. Mtu akiliona kwa mbali hudhani ni hekalu la Kibuddha, kwa sababu paa zake zimepinda juu pembeni kama za kwao, na mnara wa kengele umesimama mbele peke yake. Mawe na magogo yaliletwa kwa maji toka mbali, na mianzi mingi ilishindiliwa katika matope ili jengo lisizame. Vita vilipiganwa hapo Desemba 1951. Graham Greene alikuwapo, na aliyoyaona aliyatia katika The Quiet American, kitabu alichokitoa mwaka 1955. Ndege za Marekani zililipiga bomu mwaka 1972. Lingali limesimama. Nilipiga magoti humo kitambo, kisha nikatoka, maana wageni walikuwa wengi kuliko waumini.

Karibu na hapo tulikutana na mama mmoja. Watu wa Kim Son hupanda jani refu liitwalo cói, ambalo ni ndugu wa mafunjo yetu, nao hulifumia mikeka na vikapu. Mama huyu alikuwa akisukuma baiskeli iliyopakiwa cói hata baiskeli yenyewe haikuonekana. Ungedhani kichaka kinatembea. Mara wasichana wetu wakashuka, simu zikatoka. Mzee wa Ufaransa alikwenda mbele kabisa, akarudi nyuma kinyumenyume akimpiga picha uso kwa uso. Mama alivuta kofia yake mbele, akaendelea kusukuma.

Kofia ile niliijua.

Nilimfuata kiongozi, nikamwambia yaliyokuwa moyoni. Nilisema: "Kaka, jana ulituzuia tusipige picha pale palipokuwa na msiba, nami nilikuheshimu. Nyumba tuliyokula chakula cha mchana ililipwa na kampuni yako. Mama mwenye mashua alilipwa. Huyu mama atakwenda Ulaya na Australia ndani ya simu za watu, na hakuna hata mtu aliyemsalimu."

Hakukasirika. Alijibu: "Em, nikimlipa kila anayepigwa picha, kesho watasimama njiani na mizigo ya uwongo wakingoja wageni, na cói itaozea shambani. Nimekwisha kuona mahali pengine."

Neno lake lina uzito, nami nimelifikiri mpaka leo. Ni kweli kwamba fedha za wageni zaweza kumfanya mkulima awe mwigizaji wa ukulima. Lakini sikubali kwamba basi dawa ni kutompa kitu. Kumsalimu hakugharimu fedha, na lugha yao yenyewe ina neno la kumwitia kila mtu. Kiongozi angeweza kusema: shukeni, mwiteni shangazi, mwulizeni kama yuko tayari, msukumieni mzigo hata pale darajani. Hapo hata akikataa picha, amekataa akiwa mtu. Nilimwambia hivyo. Alinyamaza kidogo, akasema, "Wageni hawakulipa ili wasukume." Hilo nalo ni kweli, na ndilo tatizo lote.

Siku ya tatu mvua ilinyesha, tukarudi ndani ya lile gari.

Sasa maoni yangu. Wako hapa shuleni wanaosema safari za namna hii ni mchezo wa matajiri. Wako wengine, hasa wenzangu wa Jiografia, waliosikia habari zangu wakaniambia: "Basi tuanzishe na sisi, tuwapeleke wageni Doho kwa baiskeli, tupate fedha," kama inavyofanyika karibu na Jinja. Mimi si upande wa hawa wala wa wale. Nasema hakuna namna iliyo bora ya kuiona nchi ya watu kuliko baiskeli, kwa kuwa mwendo wake ni wa kiasi cha kumwona mtu usoni, na ukikanyaga mpunga wake aweza kukukamata. Ningekuwa ndani ya basi nisingemjua bibi yule. Lakini baiskeli isiyo na mzigo humdanganya aliye juu yake. Humfanya adhani kwamba nchi ni mandhari, na watu ni sehemu ya mandhari, na jasho lake la siku tatu ni sawa na jasho lao. Mimi mtoto wa mkulima nilidanganyika katika muda wa saa sita tu, nikapita juu ya mpunga.

Kwa hiyo tukitaka kuanzisha jambo hilo kwetu, kiongozi asiwe kijana wa mjini aliyejifunza Kiingereza kizuri na ambaye mashamba humtia haya, kama nilivyokuwa mimi. Awe mtu ambaye wenye mashamba wanaweza kumgombeza kesho yake. Na njia wapange wao wenye majaruba, waseme wapi mgeni apite na wapi asipite, na fedha zigawanywe mbele ya macho yao kabla baiskeli ya kwanza haijatoka. Wasipokubali, basi. Hatuna haki ya kuuza uso wa mtu kwa sababu tu anapita barabarani.

Nilipofika nyumbani nilimweleza baba habari zote, isipokuwa ile ya langoni, ambayo sikupata ulimi wa kuisema. Nimeiandika hapa, na gazeti likitoka nitampelekea. Alisikiliza habari za Dien Bien Phu akiwa anatia viraka mpira wa nyuma. Nilimfikishia na salamu za bibi juu ya mgongo. Akauliza jambo moja tu: "Ule mti wa usukani, wenzetu wameufunga upande gani?"

Nikamwambia wa kushoto.

"Na mimi wa kushoto," akasema, akarudi kwenye kiraka chake.

Likizo ya mwisho wa Agosti nataka kufanya safari ya siku mbili Doho na wanafunzi wasiozidi wanane. Baiskeli tutaazima. Kiongozi atakuwa baba. Nimemwomba, amekubali, ila ametaka alipwe malipo ya siku mbili za kazi kama kawaida, kwa kuwa hizo siku hatabeba mpunga, na kila mtu atachanga sehemu yake. Baiskeli moja itakuwa na gunia, nasi tutaisukuma kwa zamu. Simu zitabaki mfukoni mpaka mwenye shamba aseme. Wanaotaka kuja wanipe majina yao kabla ya mitihani ya muhula, na kaka zetu wa zamani walio karibu na Mbale wanakaribishwa vile vile, wakiwa na viatu wanavyoweza kuvua upesi.

Mwanafunzi, Kidato cha Sita